Mwanamke Mwenye Sinia

Filamu ya kwanza alipewa sinia.
Mji wa Łódź, Februari, theluji hadi magotini,
alipanda tramu saa kumi na moja alfajiri
ili aingie chumbani, aweke chai mezani, aseme:
"Daktari amefika."
Maneno mawili. Aliyafanyia mazoezi wiki nzima,
akiliambia birika, akikiambia kioo,
akimwambia mama yake aliyekuwa akimenya viazi:
Daktari amefika. Daktari... amefika.
"Mwambie angoje," mama akajibu, "viazi havijaiva."

Tangu hapo Bogna Kulik hakukosa kazi wala hakupata jina.
Alikuwa muuguzi mara kumi na nne,
mtawa mara tatu, jirani mmbea sijui mara ngapi,
mke wa mwokaji, kisha mjane wa mwokaji
(filamu hiyo hiyo; mwokaji alikufa katikati).
Alikuwa maiti mtoni, mwezi wa Machi,
akabana pumzi hadi mwongozaji akasahau kusema basi.
Akiwa na miaka thelathini na minane
mswada ulimzalisha kijana wa thelathini na mitano.
Alimkumbatia, akamnong'oneza: "Mwanangu, una mvi,"
akacheka. Kicheko hakikuandikwa popote. Wakakiacha.
Ndicho kitu pekee watu wanachokikumbuka katika filamu ile,
na wanasema alicheka kijana.

Nayajua haya kwa sababu nilimshonea.
Naijua kazi yake kwa sentimita:
kiuno cha mwaka ule, bega lililoanza kushuka baada ya talaka.
Nyota walitaka hariri. Yeye alitaka mfuko.
Mfuko wa kweli, wenye kina,
hata kama kamera haitashuka hadi hapo,
na ndani yake alitia kitu asichomwonyesha mtu.
Muuguzi alikuwa na kokwa la plamu.
Mtawa, tikiti ya sarakasi.
Maiti wa mtoni alikuwa na orodha:
vitunguu, sabuni, kumjibu Hela.
Wino ulikuwa umetapakaa. Niliianika juu ya jiko.
"Hakuna anayekufa," aliniambia, meno yakigongana,
"akiwa ameshamaliza kununua vitunguu."

Kisha televisheni: mfamasia wa kila Alhamisi, miaka kumi na tisa.
Kwenye foleni ya mkate watu walimfungulia vinywa, awatazame koo,
naye alichungulia, kwa adabu, akasema: maji ya chumvi.
Siku moja simu ikalia.
Mfamasia amehamia Gdynia kwa dada yake.
Mstari mmoja tu, tena aliusema mtu mwingine.
Ndivyo televisheni inavyozika bila kununua jeneza.

Wasifuo mchuzi hawaulizi figa.
Sisemi kwa uchungu. Yeye mwenyewe hakuwa nao,
au alikuwa nao, akauweka mfukoni.

Mwaka jana walimwita tena. Bibi mgonjwa, kitandani,
hana hata neno moja. Malipo ya siku mbili.
Nilimshonea gauni la kulalia, na mfuko,
ingawa nani aliwahi kuona gauni la kulalia lenye mfuko?
Taa zikawaka. Mlango ukafunguka.
Akaingia binti mwembamba, sinia likitetemeka mikononi,
kikombe kikipiga kelele juu ya kisahani,
sura imemkauka kwa wiki nzima ya mazoezi:
"Daktari amefika."

Bogna aligeuza shingo taratibu.
"Mwambie angoje," akasema. "Viazi havijaiva."

Mwongozaji alisimamisha kazi. Walirudia, naye akanyamaza
kama alivyoandikiwa, na hiyo ndiyo mtakayoiona.
Ila yule binti, mara ya pili,
sinia halikumtetemeka tena.

Gauni nimelirudisha stoo, limetundikwa kati ya makoti ya polisi.
Mfukoni mna kitu kidogo, kigumu.
Bado sijatia mkono.